Maswali ya Wasomaji: Gemu za Kaseti Kwenye Stiki ya Televisheni

Katika toleo lililopita nilitaja kwa sentensi moja tu, katikati ya maelezo ya antena, kwamba stiki ile ile ya kutazamia filamu na mpira inaweza pia kuchezesha gemu za kaseti za zamani. Barua zilizokuja kuhusu sentensi hiyo zimeizidi antena yenyewe. Nimechagua nane, nimezifupisha, na majina ya wenyewe nimeyaacha.

SWALI: Assalaam alaykum, fundi. Nina watoto watatu na naishi Jang'ombe. Udogoni mwangu tulikuwa tukikusanyika katika nyumba moja ya Michenzani iliyokuwa na mashine ya kaseti, watu wanane tunapokezana pedi mbili. Sasa skuli zimefungwa na ningependa watoto wangu wazione gemu zile. Ninayo Fire TV Stick 4K, ile ya mwanzo ya mwaka 2018, aliyoniletea shemeji yangu kutoka Dubai. Je, itaweza, au nitafute mashine nyingine? Na ikiweza, nianzie wapi?

JIBU: Wa alaykum salaam. Itaweza, na kitu cha kununua ni pedi, pamoja na waya wa flashi nitakaoueleza chini.

Kwanza tuelewane kuhusu emuleta. Kaseti ilibeba maagizo yaliyoandikwa kwa ajili ya prosesa moja maalumu, na prosesa hiyo haimo ndani ya stiki yako. Emuleta ni programu inayokaa katikati kama mkalimani: husoma kila agizo, hulitafsiri papo hapo, na hulitekeleza kwa niaba ya mashine ambayo haipo. Ugumu wa kazi ya mkalimani hutegemea kasi ya msemaji. Nintendo ya kwanza, iliyotoka Japani mwaka 1983 kwa jina la Famicom, ilikuwa na prosesa iliyokwenda kwa takriban megahezi 1.8, ilhali stiki yako ina prosesa ya sehemu nne na kila sehemu huenda kwa gigahezi 1.7. Kwa hesabu ya tarakimu peke yake hiyo ni karibu mara elfu moja, kwa hiyo hata mkalimani akipoteza muda mwingi njiani, bado anafika mapema. Super Nintendo, Sega Mega Drive, Game Boy zote na hata PlayStation ya kwanza ya mwaka 1994 zinaingia ndani ya uwezo huo. Nintendo 64 ya mwaka 1996 ndipo stiki inapoanza kutweta: gemu moja itakwenda na ya pili itakwama. PlayStation 2 isahau kabisa, maana mashine ile ilikuwa na prosesa kadhaa zilizofanya kazi kwa kupatana, na kuziigiza zote pamoja kunahitaji nguvu ya simu za bei kubwa.

Kama mashine ya Michenzani ilikuwa na kaseti za manjano, zenye gemu nyingi ndani ya kaseti moja, basi kuna uwezekano mkubwa kwamba ilikuwa nakala ya Famicom, na gemu zake ndizo nyepesi kuliko zote. Super Mario Bros. ya mwaka 1985 nzima ilikuwa na kilobaiti 40, ambazo ni pungufu ya picha moja unayotumiwa kwa simu. Nafasi basi si tatizo, ingawa stiki yako ina gigabaiti 8 tu na sehemu kubwa imeliwa na mfumo wenyewe. Tatizo la nafasi huja na diski za PlayStation, ambazo moja inaweza kufika megabaiti 700.

Programu ninayoipendekeza ni RetroArch, ambayo ni ya bure na haina matangazo. Yenyewe si emuleta bali ni kama nyumba ya kupangisha: ndani yake unaingiza viini, na kila kiini huigiza mashine yake. Kwenye vifaa vyenye duka la Google Play utaikuta humo humo. Kwenye Fire TV, njia ninayoitumia mimi ni kuichukua moja kwa moja katika tovuti yake, retroarch.com, kwa kutumia programu iitwayo Downloader iliyomo dukani kwa Amazon. Kabla ya hapo itakubidi uiruhusu stiki kupokea programu za nje ya duka, na ruhusa hiyo imefichwa: nenda kwenye mipangilio, fungua sehemu ya habari za kifaa, kisha ubonyeze jina la stiki mara saba mpaka ikwambie kwamba umekuwa mtengeneza programu. Sehemu mpya itatokea kwenye mipangilio, na humo ndimo utakapoipa Downloader ruhusa. Hapa wengi hukosea kwa kuchukua toleo la biti 64, ilhali mfumo wa stiki hizi ni wa biti 32. Ukichukua lisilo lake, stiki itakataa kusakinisha na haitakueleza sababu ya maana.

Ikishafunguka, ingia kwenye menyu ya kupakua viini, uchague FCEUmm kwa Nintendo ya kwanza, Snes9x kwa Super Nintendo, Genesis Plus GX kwa Sega, mGBA kwa Game Boy Advance na PCSX ReARMed kwa PlayStation. Usipakue vyote vilivyomo, kwani ni vingi mno na vitakula bando na nafasi bila faida. Gemu zenyewe ziweke kwenye flashi iliyofomatiwa kwa FAT32. Stiki ina tundu moja tu la USB ndogo, na tundu hilo ndilo linaloingiza umeme, kwa hiyo utahitaji waya wa OTG wenye matawi mawili, moja la chaja na moja la flashi. Usiichomeke stiki kwenye tundu la USB la televisheni kwa umeme wake. Matundu mengi ya namna hiyo hutoa nusu ampea tu, na stiki yenye flashi na pedi juu yake itakuwa inajizima na kujiwasha, nawe utailaumu RetroArch bure.

SWALI: Shikamoo, fundi. Duka moja la Darajani linauza boksi la Android lililoandikwa juu yake 8K, hifadhi ya gigabaiti 128 na gemu 10,000 ndani. Bei yake ni ndogo kuliko stiki ya kampuni inayojulikana. Nilichukue? Mimi ni kijana wa Mlandege.

JIBU: Marahaba, mwanangu. Usilichukue.

Hizo gemu 10,000 nakuomba uzitazame kwa jicho la hesabu. Nintendo ya kwanza, pamoja na umaarufu wake wote, haikufikisha gemu 700 zenye leseni katika soko la Marekani. Anayeahidi elfu kumi anahesabu gemu moja mara nne kwa majina manne, mchezo ule ule wa kaseti za zamani zilizoandikwa kwamba zina gemu 9,999, na ukizifungua unakuta saba au nane zinajirudia. Tumeshadanganywa kwa njia hii tukiwa wadogo, na wa kutudanganya mara ya pili kwa hila ile ile hatupaswi kumlipa.

Tarakimu za hifadhi nazo ni za kuandikwa tu. Boksi la kampuni inayojiheshimu husema ukweli hata unapokuwa mdogo: Xiaomi Mi Box S ya mwaka 2018 iliandikwa gigabaiti 2 za RAM na 8 za hifadhi, na ndizo ulizozikuta ndani. Ukikutana na boksi la bei ya chini linalotangaza mara kumi na sita ya hapo, nakili humo faili moja kubwa la filamu kutoka kwenye flashi, kisha jingine, kisha jingine, uone kama yanafunguka yote.

Sababu ya tatu ni nzito zaidi. Mwezi wa Januari mwaka 2023 mtaalamu mmoja wa usalama wa kompyuta aligundua kwamba boksi la bei nafuu lililouzwa kwa jina la T95 lilitoka kiwandani na virusi ndani yake, na mwezi wa Juni mwaka 2025 shirika la upelelezi la Marekani, FBI, lilitoa tahadhari kuhusu mtandao wa wahalifu ulioitwa BADBOX 2.0, uliojipenyeza katika mamilioni ya vifaa vya namna hiyo. Boksi likishakuwa na virusi vya asili, kulifuta na kulianza upya hakusaidii, maana virusi vimo kwenye mfumo wenyewe, na linakaa ndani ya intaneti ya nyumba yenu pamoja na simu mnazofanyia miamala ya pesa. Kabla ya kulipa, mwambie muuzaji aliwashe, ufungue duka la Google Play na uangalie kwenye mipangilio yake kama kifaa kimethibitishwa. Kama hakijathibitishwa, mshukuru, uondoke.

Hata kwa zile za kampuni kubwa, uliza kwanza mfumo wake. Mwishoni mwa mwaka 2025 Amazon ilianza kutoa stiki, ikianza na Fire TV Stick 4K Select, zenye mfumo mpya uitwao Vega badala ya ule uliojengwa juu ya Android, na njia niliyomweleza ndugu yetu wa Jang'ombe haifanyi kazi kwenye hizo. Vifaa vya Roku havikuwahi kukubali programu za namna hii. Apple TV nayo iliukataa mlango huu miaka mingi, lakini tangu mwaka 2024 RetroArch imo katika duka lake. Kwa hiyo stiki iliyotumika, ya miaka mitano nyuma, inaweza kukufaa kuliko mpya iliyofungwa kwenye karatasi yake.

SWALI: Fundi, mimi ni msomaji wako wa Wete. Ramadhani hii kijana wangu alikuwa akicheza gemu moja ndefu ya Super Nintendo kila baada ya tarawehe, na kila akifika kijijini ndani ya gemu anahifadhi kama inavyotakiwa. Usiku wa kumi na saba umeme ukakatika. Uliporudi, gemu ikaanza mwanzo kabisa, kama hajapata kuicheza. Ametoa machozi, na mimi nimekosa la kumwambia. Kosa liko wapi?

JIBU: Mwambie kwamba yeye hakukosea. Aliyekosea ni yule aliyempangia RetroArch, na kama ni wewe, basi umesameheka, maana jambo hili halionekani mpaka liharibike.

Kaseti za gemu ndefu zilikuwa na kipande kidogo cha kumbukumbu na betri ya saa ya kukilinda. Mchezaji alipohifadhi, maandishi yaliingia humo papo hapo, na hata umeme ukikatika dakika ile ile yalibaki. Emuleta huigiza kipande hicho ndani ya RAM ya stiki, na RAM hupoteza kila kitu umeme ukiondoka. Ili yabaki, lazima emuleta iyaandike kwenye faili, na hapo ndipo penye mtego: ikiwa muda wa kuandika wenyewe umewekwa sifuri, maana yake ni kwamba usiandike mpaka gemu ifungwe kwa utaratibu. Kijana wako alikuwa anahifadhi kwa imani kila usiku, na inaelekea kwamba kila usiku alikuwa akizima televisheni moja kwa moja bila ya kuifunga gemu, stiki ikaendelea kulala na RAM yake ikiwa hai. Siku kumi na sita za kazi zilikuwa juu ya RAM, zinangoja umeme ukatike.

Fungua mipangilio ya RetroArch, sehemu ya kuhifadhi, utafute muda wa kuandika wenyewe kumbukumbu ya kaseti, uuweke sekunde 10. Kisha fanya jambo la pili ambalo wengi hulisahau: RetroArch huiandika mipangilio yenyewe wakati wa kutoka, kwa hiyo ukibadilisha muda huo na umeme ukakatika kabla hujatoka, badiliko lako nalo limepotea. Toka kwa kutumia menyu, uingie tena, uhakikishe kwamba sekunde 10 zimebaki.

Iko pia njia nyingine ya kuhifadhi, ile ya kupiga picha hali nzima ya mashine mahali popote, hata katikati ya vita. Watoto huipenda kwa sababu haingoji kijiji. Mimi naipenda kidogo tu. Picha hiyo inaeleweka na kiini kilichoipiga peke yake. Ukibadilisha kiini, au wakati mwingine ukikisasisha, inaweza isifunguke tena. Faili la kumbukumbu ya kaseti, lenye herufi srm mwishoni mwa jina lake, huweza kuhamia kwenye simu au kompyuta na likaendelea pale lilipoachwa. Kwa gemu ndefu, mfundishe atumie zote mbili. Na msibadilishe jina la faili la gemu baada ya kuanza kucheza, kwani RetroArch hulitafuta faili la kumbukumbu kwa jina lile lile. Mkibadilisha moja bila la pili, gemu itaanza mwanzo ingawa hakuna kilichopotea.

Kama mnayo pawa benki inayoweza kuchaji na kutoa umeme kwa wakati mmoja, iwekeni katikati ya chaja na stiki. Televisheni itazimika lakini stiki haitahisi kitu. Si pawa benki zote zinazofanya hivyo bila ya kukata umeme kwa nukta moja, na nukta moja inatosha kuizima stiki, kwa hiyo jaribuni kwanza mkiwa na gemu isiyokuwa na thamani.

Siku kumi na sita zile hazirudi. Ningekuwa na njia ya kuzirudisha ningekwisha kuiandika juu kabisa.

SWALI: Mimi na rafiki yangu wa Chake Chake tuna gemu moja ya Sega, viini sawa na stiki sawa. Kwangu inakwenda polepole na muziki unaburuta kama kanda iliyoishiwa betri. Kwake inakwenda vizuri. Nimefuta na kusakinisha upya mara tatu.

JIBU: Usifute mara ya nne. Litazame jina la faili la gemu, mwishoni, ndani ya mabano. Nakisia kwamba lako limeandikwa kuwa ni la Ulaya na la mwenzako ni la Marekani.

Televisheni za zamani zilichora picha kwa mapigo ya umeme wa nchi zao. Marekani na Japani zilitumia mfumo wa NTSC, wenye mapigo 60 kwa sekunde, na sehemu kubwa ya Ulaya ilitumia PAL, wenye mapigo 50. Sisi tumo katika PAL tangu televisheni ya rangi ilipowashwa Unguja mwanzoni mwa miaka ya 1970, zamani sana kabla Bara haijawa na kituo chake cha kwanza. Gemu ziliandikwa kwa kufuata mapigo hayo: kila pigo, mchezaji husogea hatua moja. Watengenezaji wengi walipozipeleka Ulaya hawakujisumbua kuzirekebisha, wakaziacha zicheze kwa mapigo 50 hatua zile zile zilizopimwa kwa 60. Matokeo yake ni asilimia 83 ya kasi iliyokusudiwa, yaani wimbo wa sekunde 60 unachukua sekunde 72. Watu wazima wa hapa wengi hawajapata kuzisikia gemu hizo kwa kasi yake ya asili, na ukiwapa toleo la Marekani watakwambia kwamba emuleta yako inakimbia.

Tafuta toleo la 60. Kisha angalia mipangilio ya picha ya stiki yenyewe, kwani baadhi huchagua mapigo 50 zinapounganishwa na televisheni za huku. Weka 60, vinginevyo hata gemu ya Marekani itatetemeka na sauti itakatikakatika.

SWALI: Nabonyeza kuruka, mchezaji anaruka baadaye. Naangukia shimoni kila mara. (Makunduchi)

JIBU: Picha moja katika mapigo 60 hudumu takriban milisekunde 17, na mchezaji aliyezoea huhisi zikichelewa picha tatu au nne. Ucheleweshaji huo hukusanyika kidogo kidogo njiani, na mkosaji mkubwa kwa kawaida ni televisheni. Televisheni za kisasa huipamba picha kabla ya kuionesha, na upambaji huo unachukua muda ambao mtazamaji wa tamthilia hausikii lakini anayeruka shimo anausikia. Tafuta kwenye menyu ya televisheni hali ya gemu, uiwashe. Mara nyingi hapo ndipo kesi inapokwisha.

Isipokwisha, tazama pedi. Pedi za Bluetooth hugombania hewa na intaneti ya gigahezi 2.4, na stiki iliyobanwa nyuma ya televisheni ina bati la televisheni mbele yake. Hamishia stiki kwenye intaneti ya gigahezi 5 kama ruta yako inayo, na tumia kile kipande cha waya wa HDMI kilichokuja ndani ya boksi, ambacho watu wengi hukitupa, ili stiki itokeze pembeni. Pedi ya waya kwa njia ya OTG ni bora zaidi kwa anayevumilia waya sebuleni.

RetroArch ina hila moja zaidi: inaweza kukokotoa picha moja mbele na kukuonesha ile ambayo ingechelewa. Kwa Nintendo ya kwanza iwashe, uweke picha moja, basi. Kwa PlayStation usithubutu, kwa kuwa stiki hulazimika kufanya kazi mara mbili na itakosa pumzi.

SWALI: Gemu za PlayStation zinaonesha kioo cheusi tu. Za Nintendo hazina tatizo. (Kiembesamaki)

JIBU: Gemu ya diski huja na mafaili mawili au zaidi: la bin ndilo lenye gemu, na la cue ni karatasi ndogo inayoeleza sauti na data zimekaa wapi. Fungua la cue. Kama bado, lifungue la cue kwa programu ya kuandikia maandishi ulitazame jina la bin lililoandikwa ndani. Ukiwa umelibadilisha jina faili la bin, karatasi inaelekeza nyumba isiyokuwapo. PCSX ReARMed ina kibadala chake cha programu ya kuwashia PlayStation, kwa hiyo gemu nyingi zitafunguka bila ya kuongeza kitu, lakini chache hudai ile ya asili, ambayo huwekwa kwenye folda ya mfumo kwa jina lake kamili na kwa herufi ndogo, kwa mfano scph5501.bin kwa gemu za Marekani.

SWALI: Fundi, mimi ni mama wa Mkoani. Wanangu wananiambia gemu zote zimo mtandaoni bure na hakuna neno. Moyo wangu hautulii. Je, ni halali?

JIBU: Bi mkubwa, la dini nawaachia wenye elimu yake. La sheria nitalisema.

Emuleta yenyewe si kosa. Mwaka 2000 mahakama ya rufaa ya Marekani, katika kesi ya Sony dhidi ya Connectix, iliamua kwamba kuichambua programu ya PlayStation ili kutengeneza emuleta kulikuwa matumizi ya haki. Gemu ni jambo jingine. Kuwa ya zamani, au kutouzwa tena dukani, hakuifanyi gemu kuwa mali ya kila mtu. Mwenyewe bado yupo na haki yake ipo. Hapa kwetu hakimiliki ina sheria yake ya Zanzibar, ya mwaka 2003, mbali na ile ya Bara, na wanao wakikwambia kwamba hiyo ni kwa ajili ya nyimbo za taarab tu, waambie haijasema hivyo. Programu ile ya kuwashia PlayStation, niliyoitaja kwa msomaji wa Kiembesamaki, nayo ni mali ya Sony. Ndiyo maana RetroArch haiji nayo.

Lakini wapo watu wanaotengeneza gemu mpya za mtindo wa zamani, nyingine kwa ajili ya mashine za zamani zenyewe, na kuzitoa kwa ridhaa yao. Cave Story aliitengeneza Daisuke Amaya peke yake kwa miaka mitano, akaitoa bure mwaka 2004, na RetroArch inaipakua kutoka kwenye menyu yake yenyewe pamoja na kiini chake, NXEngine. Tobu Tobu Girl ya mwaka 2017 ni ya Game Boy na imetolewa bure pamoja na msimbo wake. Micro Mages ya mwaka 2019 huuzwa, lakini wanacheza watu wanne kwa pamoja, na waliifinya ikaingia ndani ya kilobaiti 40, kipimo kile kile cha Super Mario Bros. Mimi ningeanza na hiyo kwa nyumba yenye watoto wengi.

SWALI: Televisheni yangu ni ya chogo, ina matundu matatu ya rangi. Naweza? (Nungwi)

JIBU: Waweza. Nunua adapta ya kutoa HDMI kwenda AV, uipe umeme wake kwa USB, na uweke umbo la picha kwenye RetroArch liwe 4 kwa 3. Ubavuni mwa adapta kuna swichi ndogo ya PAL na NTSC. Anza na NTSC, na ikiwa picha inakuja bila rangi, televisheni yako haiufahamu mfumo huo. Irudishe kwenye PAL.